Bahari Iliyopigiliwa Kwenye Banda la Kuku

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, Salgaa, kituo cha malori karibu na Nakuru. Malori yaliyolala kando ya barabara kuu yanaanza kunguruma moja moja. Elphas Makhanu ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, mbele ya ukuta wa hoteli ya mama mmoja aitwaye Linah. Brashi iko mkononi lakini bado haijagusa rangi.

Anafunika jicho la kushoto kwa kiganja, anautazama ukuta. Anahamishia kiganja jicho la kulia, anautazama tena.

Kipyegon, dereva wa trela anayepita hapa kila wiki akitoka bandarini Mombasa, anapiga mswaki karibu na gurudumu. Anatema povu.

"Mzee, imeingia vumbi?"

"Hapana. Nalinganisha."

"Unalinganisha nini na nini?"

"Mimi na mimi."

Kipyegon anacheka, anaurudisha mswaki mdomoni.

Ukutani kuna meli ya kivita ya rangi ya kijivu, imeelekeza pua upande wa Eldoret. Nyuma yake maji ni ya bluu kali, bluu ya kuumiza macho. Mbele yake maji yametulia, yana weusi kidogo na kijani ndani. Pande zote mbili zimechorwa na mkono mmoja. Kati ya upande ule na huu kuna miezi mitano, na upasuaji.

Makhanu ana umri wa miaka sitini na sita. Alihudumu katika Jeshi la Wanamaji kwa miaka ishirini na moja, kituo chake kikiwa Mtongwe, Mombasa. Tangu astaafu amekuwa akichora meli na bahari kwenye kuta za hoteli, saluni, shule za chekechea na makanisa, kutoka Naivasha hadi Molo. Ukuta mmoja humpa kati ya shilingi elfu nane na elfu kumi na tano, na kuna miezi ambayo hapati ukuta hata mmoja. Kutoka hapa hadi baharini ni zaidi ya kilomita mia sita.

"Watu wa huku ukiwaambia maji wanafikiria ziwa," anasema. "Namaliza meli, mtu anakuja ananiuliza wale ndege, flamingo, wako wapi. Kuna shule moja mwalimu alikataa kabisa, akasema watoto watashangaa maji gani haya hayana flamingo. Nikawachora. Meli ya vita na flamingo. Nilikusanya brashi zangu nikaondoka haraka."

Alizaliwa Nakuru katika nyumba za wafanyakazi wa reli, mtoto wa fundi wa breki aliyetoka Bungoma. Bahari aliiona mara ya kwanza akiwa na miaka ishirini na moja, siku alipofikishwa kituoni na makurutu wenzake.

"Nilijiandaa kushika bunduki," anasema. "Nikapewa patasi na brashi."

Kazi yake ilikuwa kukwangua kutu na kupaka rangi. Wiki baada ya wiki alining'inizwa ubavuni mwa meli kwa kamba, akiwa ameketi juu ya ubao, akikwangua chuma. "Chumvi hailali," anasema. "Ukimaliza upande huu, ule mwingine umeshaanza."

Huko ndiko alikopata desturi ambayo hajaiacha hadi leo. Wapaka rangi wa melini hawapaki upande mzima kwa sababu ya mkwaruzo mmoja. Wanaziba mahali palipokwaruzika tu. Ili kiraka kisionekane, kila rangi inapochanganywa, kibao kidogo huchovywa ndani yake na kutunzwa. Siku ya kuziba, rangi mpya inachanganywa mpaka ifanane na kile kibao.

Makhanu alirudi nyumbani na tabia hiyo. Kila anapomaliza ukuta, huchovya kibao katika rangi aliyotumia kwa maji ya kina kirefu, pale ambapo nchi kavu haionekani. Akifika nyumbani kwake Ngata, nje kidogo ya mji wa Nakuru, humpa mkewe.

Mkewe, Winrose, si mtu wa kuacha kitu kikae bure. Vibao vilipoanza kujaa chini ya kitanda, alichukua nyundo akavipigilia kwenye banda la kuku.

"Mbao ni mbao," anasema. "Na nguchiro alikuwa ananimalizia vifaranga."

Alivipigilia kwa kufuatana, kimoja kando ya kingine, jinsi alivyopewa. Kwa hiyo banda la kuku la Winrose ni la bluu. Anayetembea kutoka pembeni mwa shamba la mahindi hadi kwenye mlango wa banda anapita kazi zote za mumewe tangu mwaka aliotoka jeshini. Kila asubuhi Winrose anapookota mayai, hivyo vibao ndivyo vitu vya kwanza anavyoviona.

Jambo ambalo wageni huchelewa kulijua ni kwamba Winrose mwenyewe hajawahi kuiona bahari.

Mumewe alipokuwa jeshini, yeye alibaki na shamba, ng'ombe wawili na watoto watatu. Makhanu alikuja likizo, akarudi. Mwaka mmoja tiketi ya treni ilishanunuliwa, mtoto wao wa kwanza, Valarie, akashikwa na surua. Winrose akaitoa tiketi kwa shemeji yake. "Tukasema tutaenda baadaye," anasema. "Baadaye nayo ina mambo yake."

Badala yake bahari ilikuja kwake. Wakati fulani rafiki wa mumewe aliyekuwa akienda likizo Kakamega alipitia kwake na kifurushi cha gazeti. Ndani kulikuwa na mfuniko wa kopo la rangi, na juu yake Makhanu alikuwa amechora meli na maji. Hiyo ndiyo picha yake ya kwanza. Winrose aliutumia kufunikia mtungi wa maji ya kunywa, na bado upo, umebanduka pembeni.

"Mimi bahari ninayoijua ni ile ya Baba Valarie," anasema.

Mwezi Machi mwaka huu, Linah alimpa Makhanu ukuta wake wote wa nje unaotazama mahali malori yanapoegeshwa. Alitaka kitu ambacho dereva atakiona kutoka mbali akiwa na njaa.

Shida ya kwanza ilikuwa rangi ya kijivu. Salgaa watu wanajua magari. Kwao gari la kijivu ni gari ambalo fundi amelipiga praima na bado hajalipulizia rangi yenyewe.

"Walikuwa wanatoka na chai yao wanasimama nyuma yangu," anakumbuka Makhanu. "Mmoja akaniuliza, bosi, hii meli itapigwa rangi lini? Nikamwambia imeshapigwa. Akaniangalia kwa huruma. Akauliza kama Linah amekataa kulipia rangi ya mwisho."

Linah, anayekata kabichi karibu na dirisha, anasikia na kutikisa kichwa. "Hata mimi nilidhani ni praima," anasema. "Niliogopa tu kuuliza. Mzee mwenyewe alikuwa amejikaza, suruali imepigwa pasi, nani angemuuliza?"

Hilo lilipita kwa kicheko. Lililofuata halikuwa la kuchekesha.

Alipoanza maji ya nyuma ya meli, Makhanu aliona rangi haitoshi. Ilikuwa imefifia, kana kwamba imeoshwa. Akaongeza bluu. Kesho yake akaiona bado iko vilevile, akaongeza tena. Kipyegon alishuka kwenye trela lake asubuhi moja, akasimama mbele ya ukuta na funguo mkononi.

"Mzee, hii bahari ni ya wapi?" aliuliza. "Hii ni rangi ya mtungi wa gesi."

"Wewe umefika baharini lini?" Makhanu alimjibu. "Wewe umefika getini tu."

"Nimefika. Na nimekaa hapo kwa foleni siku tatu nikiiangalia. Sikuwa na kitu kingine cha kuangalia."

Madereva waliokuwa wakila walicheka. Makhanu hakucheka. Aliosha brashi zake, akapanda gari hadi mjini Nakuru, moja kwa moja mpaka kwenye duka la Gathogo, anakonunua rangi kwa miaka mingi. Alimwambia mbele ya wateja kwamba siku hizi anauza rangi iliyochakachuliwa.

Gathogo ni mtu mpole. Alifungua kopo jipya, akachovya kijiti, akatoka nacho mlangoni penye jua.

"Mzee wangu, rangi ni ileile," alisema. "Lakini nami nikuulize. Zamani ulikuwa unanunua bluu kidogo na nyeusi nyingi, unaniambia bahari ni nzito. Mbona siku hizi unachukua bluu peke yake?"

Makhanu alipanda gari la kurudi Ngata. Alifika nyumbani jioni, akamweleza mkewe. Winrose alikuwa akisonga ugali. Aliutoa motoni, akaufunika, akasema, "Twende nje mara moja."

Alimsimamisha mbele ya banda la kuku.

"Ile ya kwa Linah inafanana na kipi hapa?"

Makhanu alitazama. "Na vyote. Vyote ni kitu kimoja."

"Baba Valarie," Winrose alisema, "hivi si kitu kimoja."

Walisimama hapo hadi ugali ukapoa.

Ukiangalia banda hilo mchana kweupe, halihitaji maelezo. Vibao vya pembeni, vya miaka ya kwanza, vina rangi tulivu ya maji ya kina. Vinakwenda hivyo hivyo, mwaka baada ya mwaka. Halafu karibu na mlango, pale kuku wanapotokea, vinaanza kukolea. Vya mwisho vinang'aa kama sare ya shule iliyonunuliwa jana.

Daktari wa macho hospitalini Nakuru alisema ni mtoto wa jicho, macho yote mawili. Alieleza kwamba lenzi ya ndani imegeuka manjano polepole, kama kioo cha taa ya chemli kinavyojaa moshi, na rangi inayozuiwa zaidi ni bluu. Makhanu hakuwa amekosea kuchanganya. Alichanganya mpaka alipoona imekuwa sawa.

Upasuaji ungeweza kufanywa, jicho moja kwanza, jingine baadaye. Lakini ikitokea bahati mbaya, daktari alisema bila kuficha, jicho laweza kupotea. Si mara nyingi, lakini hutokea.

Makhanu alirudi nyumbani akasema hapana.

"Bado nilikuwa naona," anasema sasa. "Naona barabara, naona uso wa mtu. Injini inayotembea huifungui katikati ya bahari. Unangoja ufike bandarini."

"Nami nikamuuliza bandari yake iko wapi," anadakia Winrose. "Uko Ngata. Umeshafika."

Kwa Linah alipeleka ujumbe kwamba anapumzika kidogo. Meli ikabaki na maji nyuma na saruji tupu mbele. Madereva wakaiita meli ya jangwani. Kazi mbili alizokuwa ameahidiwa, moja Dundori na nyingine Kuresoi, alizikataa kwa simu bila kutoa sababu. Alilima magugu. Alirekebisha ua. Brashi zake alizifunga kwa gazeti akaziweka juu ya kabati.

Winrose hakumsukuma. Alimwangalia tu. Aliona anavyopapasa kikombe kabla ya kukishika. Aliona anavyosimama kidogo mlangoni anapotoka kwenye jua. Jumapili moja walikuwa wameshaketi kanisani, akatazama chini, akaona soksi moja ya mumewe ni nyeusi na nyingine ni ya bluu ya giza.

"Mtu wa jeshi," anasema. "Mtu ambaye akikunja shati unaweza kulitumia kama rula. Nikajua hapo tumefika."

Jioni ile alipiga magoti akaomba. Asubuhi alimpigia simu Valarie, ambaye anafanya kazi mjini, amtafutie baba yake nafasi hospitalini. Haoni kwamba mambo hayo mawili yanagombana. Mungu ana mikono mingi, anasema, na mingine inavaa glavu.

Makhanu aliambiwa siku ikiwa imeshapangwa. Aliuliza kitu kimoja tu. "Na likipotea?"

"Basi nitakuwa nakuambia rangi," Winrose alimjibu. "Si umeona najua kuzitofautisha?"

Upasuaji ulifanyika mwezi Julai, jicho la kulia. Alikuwa macho wakati wote, jicho likiwa limetiwa ganzi. Kilichomtuliza, anasema, hakikuwa maneno ya kutiwa moyo.

"Madaktari walikuwa wanaongea habari ya mpira. Nani amefunga, nani amekosa penalti. Huku mikono iko ndani ya jicho langu. Nikasema hapa ni sawa. Mtu ambaye kazi inamharibikia haongei habari ya mpira."

Kesho yake bandeji ilitolewa, na kwa rehema za Mungu jicho likaona. Kitu cha kwanza kilikuwa sweta ya muuguzi. "Ilikuwa bluu," anasema Makhanu. "Nilifikiri kuna taa ndani yake."

Kisha akamgeukia mkewe. Akakitazama kitambaa alichojifunga kichwani.

"Hii zambarau uliinunua lini?"

"Hiki? Ni kile cha Krismasi. Uliniletea wewe."

"Mimi nilinunua cha kahawia."

"Ulinunua hiki," Winrose alisema. "Nilishangaa, lakini nikanyamaza, nisije nikakuvunja moyo."

Makhanu alitaka kupelekwa Salgaa siku hiyohiyo akauone ukuta. Daktari alikuwa amekataza vumbi, na Salgaa ni vumbi, kwa hiyo Winrose akamwambia Valarie, aliyeshika usukani, aelekee nyumbani. Lakini hakuna aliyekuwa amekataza banda la kuku.

Alisimama mbele yake. Alianzia pembeni, akaenda polepole akigusa kila kibao kwa kidole, mpaka karibu na mlango. Hapo kidole kikasimama.

"Hapa," alisema. "Hapa ndipo nilipoanza kupotea."

"Hicho ni cha ile hoteli ya Molo," mkewe alimjibu. "Mwaka ule mahindi yalitukaukia."

Baada ya hicho kulikuwa na vibao kumi na moja. Kuta kumi na moja, zote zina wenyewe, wanaziona kila siku. Winrose alimletea kiti. Akaketi mpaka kuku wakaanza kuingia kulala.

Hatimaye akamuuliza mkewe, "Uliviona vyote hivi. Kwa nini hukuniambia?"

Jibu la Winrose ndilo Makhanu analolirudia hadi leo, na akilirudia sauti yake inashuka.

"Ningekuambia nini?" alisema. "Sijawahi kuiona. Nilifikiri ndivyo inavyokuwa. Nilifikiri ni bahari yenyewe inabadilika."

Alipopona vizuri alirudi kwa Linah, akajitolea kuupaka upya upande uliokosewa bila malipo. Hakupata jibu alilolitarajia.

"Sasa mzee, watu wameshazoea," Linah alimwambia. "Mtu akipiga simu amepotea, namwambia atafute bahari ya gesi. Anafika tu."

"Hiyo si bahari, Linah."

"Inauza chapati lakini."

Walikubaliana amalizie kwanza upande wa mbele, uliobaki saruji, kisha wataona. Ndiyo kazi anayoifanya asubuhi hii. Amechanganya rangi kwa jicho la kulia. Jicho la kushoto bado lina ukungu, na akilifungua hilo peke yake, anasema, bahari zile mbili zinafanana kabisa.

Lakini kuna jambo linalomsumbua kuliko kelele za madereva. Hana hakika.

"Jicho ni jipya, sawa," anasema. "Lakini bahari niliyonayo kichwani ni ya zamani. Ni zaidi ya miaka ishirini sijasimama mbele yake. Naweza kuufuta huu upande nikaweka mwingine ambao pia si wenyewe. Nitakuwa nimemdanganya Linah mara mbili. Na yule wa nyumbani nitakuwa nimemdanganya maisha yake yote."

Kwa hiyo amekataa kuufuta. Ukuta utabaki na bahari mbili hadi mwaka mpya, na Linah ameridhika, kwa kuwa madereva sasa wanabishana juu yake na wanaobishana hukaa muda mrefu mezani. Kipyegon yuko upande wa maji mapya. Anasema yanafanana na yale aliyoyaona kwenye foleni, ila anataka aongezewe taka kidogo.

Jicho la kushoto litapasuliwa mwezi Novemba. Safari hii Makhanu mwenyewe ndiye aliyechagua siku. Baada ya hapo, Mungu akipenda, mwezi Desemba atapanda treni Nairobi kwenda Mombasa. Hatakwenda peke yake. Valarie atakuja kukaa na kuku.

Nyumbani Ngata, Winrose ameshang'oa vibao viwili. Kimoja ni cha kwanza kabisa, kile cha pembeni. Kingine ni cha rangi mpya ya ukuta wa Linah, kilichochovywa kabla ukuta haujaisha, na kilikuwa hakijakaa bandani hata wiki. Amevifunga pamoja ndani ya kile kitambaa cha zambarau na kuviweka ndani ya mkoba wake wa kanisani. Pale vilipotoka ameziba kwa bati, nguchiro asipite.

Mumewe anajaribu kumweleza jinsi ya kufanya. Wapande feri, anasema, na kibao kisogezwe karibu na maji, kivulini, kwa sababu jua humdanganya mtu. Anaanza kueleza habari ya mawingu.

Winrose anamsikiliza mpaka amalize, huku akichambua maharage.

"Wewe utakaa nyuma," anasema. "Usiseme chochote. Nitaangalia mimi kwanza, halafu nitakuambia."